Prodyuza wa Korea anafanya nini hasa? Mfuatilie Park Chan-wook kwenye majina ya mwishoni

Ukiangalia Snowpiercer, ile muvi ya 2013 ya treni inayoizunguka dunia iliyoganda barafu, maskini wamesongamana mabehewa ya nyuma na wenye nazo wako mbele wanakula sushi, mtu yeyote atakwambia hiyo ni kazi ya Bong Joon-ho, na ni kweli kabisa, yeye ndo dairekta. Ila usizime. Acha majina yapite. Kwenye sehemu ya maprodyuza utakutana na Park Chan-wook, yule yule wa Oldboy, mtu ambaye wakati huo alikuwa ameshabeba tuzo mbili kubwa za tamasha la filamu la Cannes, na kwenye hii muvi hajaongoza hata shoti moja. Sasa alikuwa anafanya nini pale?

Swali hilo linawachanganya wengi, na kwetu linachanganya zaidi kwa sababu prodyuza kwa mtu wa Dar ni yule jamaa wa studio anayetengeneza biti, na ukimwambia prodyuza wa filamu moja kwa moja anawaza mwenye hela. Korea mwenye hela ni mtu mwingine kabisa. Alafu ukija kwa mwandishi mambo ndo yanazidi kuwa magumu, maana wengi wetu tumeingia Korea kwa mlango wa tamthilia, na kwenye tamthilia zao mwandishi ni mtu mkubwa mno, anaitwa kwa heshima jakga-nim, jina lake linatangazwa kabla hata ya waigizaji kujulikana na dairekta anafuata anachopewa. Kwenye filamu mambo yamepinduka. Dairekta ndo mwenye kauli, mara nyingi anaandika mwenyewe au anaandika na mtu, na mwandishi ambaye ni mwandishi tu hana pa kushika. Mimi naamini huwezi kuielewa kazi ya Park Chan-wook kama unahesabu zile alizoziongoza tu, maana maisha yake yote ni ya mwandishi aliyekuwa anatafuta mahali ambapo hakuna mtu atakayeichukua skripti yake na kuiharibu, na mahali penyewe akapakuta kwenye kiti cha prodyuza.

Tuanze na posta. Chukua posta yoyote ya filamu ya Korea, chini kabisa kuna maandishi madogo madogo yamebanana, watu huwa hawayasomi lakini ugomvi wote uko pale. Kuna neno tuja, hao ni wawekezaji, mara nyingi kampuni kubwa kama CJ, Lotte, Showbox au NEW, hao ndo wana hela na mara nyingi hao hao ndo wanaisambaza filamu kumbini. Kuna jejak, yaani kampuni inayoitengeneza filamu, na mwenye hiyo kampuni ndo jejakja, huyu ndo prodyuza tunayemzungumzia. Yeye haji na hela, anakuja na mradi: ameona kitabu akanunua haki zake, ametafuta mtu wa kuandika, amempata dairekta, amemshawishi staa mmoja wa maana, akishaunganisha vyote ndo anabeba mzigo wake kwenda kwa mwekezaji. Usimchanganye na yule wanayemwita PD, huyo anashughulika na ratiba, magari, chakula, nani kafika nani hajafika, kazi ngumu ya kila siku ambayo bila yeye hakuna filamu, lakini filamu si yake. Alafu kuna maneno matatu ya kwenye kuandika. Wonjak ni hadithi ya asili, kitabu au katuni. Gakbon ni skripti. Na gaksaek ni ile kazi ya kuchukua skripti ambayo mwenzako ameshaiandika na kuipiga upya, neno lenyewe lina "rangi" ndani yake, saek ni rangi, na mwandishi akishasikia skripti yake imepelekwa gaksaek anajua kuna mtu anapaka rangi juu ya kazi yake.

Park amepita karibu kwenye kila moja ya hizo nafasi, na hakuanzia juu.

Amezaliwa Seoul 1963, akasoma falsafa chuo kikuu cha Sogang, na mwenyewe huwa anasimulia kwamba kilichomfanya aamue kuwa mtu wa filamu ni kuiona Vertigo ya Hitchcock akiwa mwanafunzi. Akaanza kama msaidizi wa dairekta. 1992 akapata nafasi ya kuongoza filamu yake ya kwanza, ikaanguka. Ikamchukua miaka mitano kupata ya pili, 1997, nayo ikaanguka. Katikati hapo alikuwa na familia ya kulisha, akawa anaishi kwa kuandika uhakiki wa filamu za wengine magazetini na kwenye redio. Watu huwa wanaipita haraka hii miaka, wanakimbilia Oldboy, lakini mimi naona ndo miaka iliyomtengeneza, kwa sababu mtu aliyefeli mara mbili kama dairekta alibaki na kitu kimoja tu mkononi, kalamu. Aliandika. Akaandika na rafiki yake Lee Moo-young, na majina yao mawili yapo kwenye skripti ya Anarchists ya 2000, filamu ya Wakorea wanaopigana na Wajapani huko Shanghai, ambayo iliongozwa na mtu mwingine. Kwa hiyo mwaka ule ule ambao dunia ya Korea ilimjua Park kama dairekta, alikuwa pia kwenye posta nyingine kama mwandishi tu wa kuajiriwa.

Na aliyemtoa shimoni ni prodyuza. Anaitwa Shim Jae-myung. Huyu mama alianzia kwenye matangazo, kazi yake ilikuwa kuzinadi filamu za watu, 1995 akaanzisha Myung Films na mume wake Lee Eun, na kampuni hiyo ndo ikanunua haki za riwaya ya Park Sang-yeon iitwayo DMZ, hadithi ya mauaji kwenye kituo cha mpakani pale Panmunjom kati ya Korea mbili. Hebu fikiria uamuzi aliofanya. Ana hadithi nzito ya siasa, hela nyingi inahitajika maana Panmunjom ya kweli huwezi kwenda kupiga picha, lazima uijenge upya, na wakaijenga kweli, vile vibanda vya bluu na ule mstari wa zege, alafu mradi wote huo anamkabidhi mtu ambaye filamu zake mbili zote zimeanguka. Mwekezaji angependa jina lingine. Prodyuza akasema huyu.

Filamu yenyewe ikaitwa JSA, ikatoka Septemba 2000, miezi mitatu tu baada ya viongozi wa Korea mbili kukutana Pyongyang kwa mara ya kwanza, watu zaidi ya milioni 5 wakaiona. Kuna kipande ambacho ukikiona unajua aliyeandika ni mtu anayeelewa watu: wanajeshi wa pande mbili wamesimama wanatazamana kwenye mstari, mabunduki, sura zimekazwa kama mawe, na katikati ya ukimya ule mmoja anamwambia mwenzake kimya kimya kwamba kivuli chako kimevuka mpaka. Nchi mbili zina vita ambayo haijawahi kuisha rasmi tangu 1953, na skripti imeibana yote ndani ya kivuli.

Baada ya pale Park angeweza kutulia akiongoza miradi ya wengine. Hakutulia, na sababu ni hela na haki. Hapa naomba uvumilie hesabu kidogo, maana bila hii mambo mengine yote hayaeleweki.

Tuseme filamu ya Korea imeingiza won bilioni 20 ukishatoa kodi. Kumbi zinachukua karibu nusu, inarudi bilioni 10. Msambazaji anakata kamisheni yake, kawaida kama asilimia 10, inabaki 9. Filamu yenyewe na matangazo yake tuseme vilikula 6, hiyo inarudi kwa aliyeitoa. Faida ni 3. Kwa mazoea ya Korea hiyo faida inagawanywa sita kwa nne, mwekezaji asilimia 60 na kampuni ya prodyuza asilimia 40, yaani bilioni 1.8 kwa huyu na 1.2 kwa yule. Mwandishi yuko wapi? Kwa kawaida hayupo. Yeye alishalipwa zamani, tena kwa awamu, kidogo mnaposaini, kidogo ukileta rasimu ya kwanza, nyingine filamu ikianza kupigwa, na hapo ndo kuna mtego mbaya, kwa sababu skripti nyingi hazifiki kupigwa, kwa hiyo ile awamu ya mwisho haiji kamwe na wewe umeshamaliza miaka miwili unaandika na kurekebisha. Juu ya hapo sheria ya hakimiliki ya Korea inachukulia kwamba mtu akishakubali kazi yake iingie kwenye filamu basi haki za kuitumia hiyo filamu ziko kwa mtengenezaji, labda kama mkataba umesema vingine. Na mwandishi mchanga ana ubavu gani wa kuufanya mkataba useme vingine.

Hili si jambo la kwenye makaratasi tu. Januari 2011 mwandishi wa skripti Choi Go-eun alikutwa amefariki kwenye chumba alichopanga Anyang, jirani na Seoul, ana miaka 32, alikuwa anaumwa na hana hela ya chakula wala kodi, wakati skripti zake zilikuwa zimeshachukuliwa na kampuni lakini hakuna filamu iliyotengenezwa. Korea nzima ilishtuka. Mwaka ule ule bunge likapitisha sheria ya ustawi wa wasanii, ikaanza kazi Novemba 2012, na mpaka leo watu wanaiita sheria ya Choi Go-eun. Kila ninapoisoma ile habari nashindwa kuelewa vipi nchi ambayo ilikuwa inashangiliwa Cannes kila mwaka ilimwacha mtu anayeandika hizo hadithi afikie pale.

Sasa rudi kwa Park. Baada ya JSA akapata nguvu ya kutengeneza anachotaka, 2002 Sympathy for Mr. Vengeance ambayo kumbini haikufanya vizuri, 2003 Oldboy ambayo asili yake ni katuni ya Kijapani na skripti wameandika watu watatu, yeye mmojawapo, 2004 ikabeba Grand Prix ya Cannes, Quentin Tarantino akiwa ndo mwenyekiti wa majaji. Oldboy kila mtu anaijua, ile ngumi ya korido ya shoti moja ilichukua siku tatu na kurudia mara 17, sitakaa hapo. Ninachotaka uone ni kinachofuata. Lady Vengeance ya 2005 imetoka chini ya Moho Film, kampuni yake mwenyewe. Moho kwa Kikorea ni kitu kisichoeleweka vizuri, chenye ukungu. Kuanzia hapo mtu anayeandika, anayeongoza na anayekaa mezani na mwekezaji wakawa mtu mmoja, kwa hiyo ule mnyororo niliouelezea juu, ambao kwa kawaida skripti inapita mikono minne mitano na kila mkono unapunguza kitu, kwake ukafupishwa.

Na hapo hapo ndo akaingia mtu ambaye bila yeye hii stori haijakamilika, Jeong Seo-kyeong. Alikuwa msichana aliyesomea uandishi wa skripti kwenye chuo cha taifa cha sanaa, Park aliiona filamu yake fupi akampenda anavyoandika, akamwita waandike pamoja Lady Vengeance. Wanavyoandika ni hivi: kompyuta moja, skrini mbili, kibodi mbili. Wamekaa, huyu anaandika sentensi, yule anaiona hapo hapo kwenye skrini yake na anaweza kuifuta au kuiendeleza kabla mwenzake hajamaliza, wanaenda hivyo mpaka hawajui tena neno gani ni la nani. Wewe fikiria ujasiri wa kumruhusu mtu mdogo kwako kwa umri na kwa jina afute sentensi yako mbele ya macho yako, tena Korea, ambako mkubwa ni mkubwa.

Matunda yake yanaonekana dakika za mwanzo kabisa. Mwanamke anatoka jela baada ya miaka 13, ni majira ya baridi, na Korea kuna mila kwamba mtu akitoka gerezani anapewa tofu ale, kile kipande cheupe cha maharage ya soya, ili aishi maisha meupe asirudie dhambi. Mchungaji amemletea kwenye sahani. Mwanamke anaiangalia ile tofu, anaipindua taratibu inaanguka chini, alafu anasema: "Neona jalhaseyo." Kumtafsiria mtu hiyo sentensi ni kazi kweli kweli. "Neo" ni "we" ya kumwambia mtoto au mtu unayelingana naye, na ile "seyo" ya mwishoni ni heshima unayompa mkubwa. Havikai pamoja. Ni kama mtu amsogelee shehe au padri, ainamishe kichwa kwa adabu zote, alafu amwambie "we, hangaika na ya kwako, tafadhali." Heshima na dharau ndani ya pumzi moja, na kinachoumiza ni ile heshima. Wakorea waliibeba hiyo sentensi mpaka mtaani, ikawa msemo.

Baada ya hapo wamekwenda pamoja, I'm a Cyborg 2006, Thirst 2009 iliyochukua tuzo ya majaji Cannes, The Handmaiden 2016 ambayo walichukua riwaya ya Sarah Waters, mwandishi wa Wales, inayotokea London ya zamani wakaihamishia Korea ya miaka ya 1930 chini ya Wajapani, na kuhamisha kwenyewe si kubadilisha majina na nguo tu, lugha nazo zikawa silaha, nani anaongea Kijapani na nani anaongea Kikorea na kwa ajili ya kumfurahisha nani.

Ila turudi kwenye kiti cha prodyuza maana ndo kilichotuleta. Unaweza kukitumia kiti hicho kujilinda wewe peke yako, wapo wengi hivyo. Park alikitumia pia kuwafungulia wengine. Kwenye Lady Vengeance kulikuwa na dada anaitwa Lee Kyoung-mi, kazi yake ilikuwa kukaa pembeni ya kamera na daftari kuandika kila kitu, kikombe kilikuwa mkono gani, nywele zilikaa vipi, ili shoti inayofuata isipishane na iliyopita. Kazi ambayo hakuna anayeiona. 2008 huyo dada akaongoza filamu yake ya kwanza, Crush and Blush, prodyuza ni Park na kwenye skripti amesaidia pia. Ni komedi ya mwalimu wa kike ambaye uso unamuwiva mwekundu kila akiona haya na hakuna anayempenda, mradi ambao kampuni kubwa isingeugusa kirahisi.

Na Snowpiercer ndo hivyo hivyo ila kwa ukubwa mwingine. Bong aliikuta ile katuni ya Kifaransa iliyoizaa kwenye duka la katuni maeneo ya Hongdae, Seoul, akaisoma amesimama pale pale dukani. Kampuni ya Park ikafuatilia haki kwa Wafaransa. Alafu wakasubiri, miaka, kwa sababu Bong alikuwa na filamu zingine za kumaliza, na hii ndo sehemu ya uprodyuza ambayo haina picha wala tuzo, kushikilia haki ya kitu na kuamini kwamba mwenzako atarudi. Ilipofika zamu yake bajeti ilikuwa kama dola milioni 40, CJ wakaweka hela, mabehewa yakajengwa studio za Barrandov, Prague, Chris Evans, Tilda Swinton na Song Kang-ho ndani ya seti moja. Ilipofika Marekani msambazaji Harvey Weinstein akataka ikatwe dakika 20 hivi. Bong akakataa, ikatoka nzima ila kwenye kumbi chache. Kwao Korea walishaiona zaidi ya watu milioni 9 bila kukatwa kitu.

Mwaka huo huo 2013 Park alijaribu upande wa pili wa meza. Stoker, filamu yake ya kwanza ya Kiingereza, skripti haikuwa yake, na aliyeiandika utashangaa, ni Wentworth Miller, Michael Scofield wa Prison Break mwenyewe, ambaye aliituma Hollywood kwa jina la bandia ili isomwe kama skripti na siyo kama skripti ya staa. Yaani mwandishi anaficha jina ili kazi yake iheshimiwe. Kila nchi na namna yake ya kumtesa mwandishi.

Decision to Leave ya 2022 ndo iliyompa Park tuzo ya dairekta bora Cannes, lakini mimi hiyo naiita filamu ya waandishi. Mwanamke Mchina anaishi Korea, mume wake ameanguka mlimani akafa, polisi anamhoji. Kikorea chake amekiokota kwenye tamthilia za kihistoria, kwa hiyo anatumia maneno ya kizamani, mazito, yasiyo ya mahali pale. Anasema mume wake akienda mlimani akichelewa kurudi alikuwa anaogopa "hatimaye" amekufa. Machimnae. Hatimaye! Polisi wanatazamana. Neno hilo unalitumia kwa kitu ulichokuwa unakingoja. Sasa je, amekosea lugha au ametuambia ukweli? Filamu nzima inaning'inia kwenye neno moja, na wala huwezi kuliongeza neno kama hilo siku ya kupiga picha au kwenye chumba cha kuhariri, lazima liwe limewekwa na mtu aliyekaa na kibodi. Skripti yake ilichapishwa kama kitabu na Wakorea wakakinunua mpaka kikaingia kwenye orodha za vitabu vinavyouzwa sana. Skripti! Watu wanalipia kusoma muvi ambayo wameshaiona.

Siku hizi meza yenyewe imebadilika kwa sababu ya Netflix. Wao wanalipa gharama zote mapema na wanaongezea faida kidogo juu, prodyuza hapati hasara, lakini haki zote zinabaki kwao, ile hesabu ya sita kwa nne haipo tena hata filamu ikiangaliwa na nusu ya dunia. Squid Game ndo mfano wanaoutaja kila siku, Hwang Dong-hyuk aliiandika tangu 2008 au 2009, akazungushwa kama miaka kumi, kuna kipindi aliuza mpaka laptopu aliyokuwa anaandikia, na ilipotoka 2021 ikavunja rekodi mwenye mali alikuwa Netflix. Park naye amepita huko, Uprising ya 2024 ni ya Netflix, yeye ni mmoja wa waandishi na maprodyuza, dairekta ni Kim Sang-man ambaye zamani ndo alikuwa kwenye sanaa ya JSA, na ikafungua tamasha la Busan, mara ya kwanza filamu ya mtandaoni kupewa heshima hiyo. Wengine walinung'unika na nawaelewa, tamasha lile limejengwa na watu wa kumbini.

Kuna jambo lingine nalo lazima lisemwe hata kama ni chungu kwa tunaompenda. Agosti 2025 chama cha waandishi cha Marekani, WGA, kilitangaza kumfukuza uanachama Park pamoja na mwandishi mwenzake Don McKellar kuhusiana na tamthilia ya The Sympathizer, kikisema walivunja masharti ya ule mgomo wa 2023. Upande wa Park ukasema uandishi ulishamalizika kabla mgomo haujaanza. Ugumu wake uko hapa: mtu ambaye kwenye mradi mmoja ni mwandishi, dairekta na prodyuza, akiwa chumba cha kuhariri akabadilisha mstari mmoja wa maneno, hiyo ni kuandika au ni kuhariri? Kwa Korea swali hilo halipo kabisa, kazi ni moja. Kwa WGA ni mpaka, na una sababu zake, kwa sababu mgomo ukivunjwa anayeumia ni mwandishi mdogo asiye na kiti kingine cha kukalia. Mimi nasimama na hao wadogo, na bado siamini kwamba Park alikuwa na nia ya kuwasaliti.

McKellar huyo huyo yupo kwenye No Other Choice, filamu ya Park ya 2025 iliyoshindana tamasha la Venice, ya mfanyakazi wa kiwanda cha karatasi anayefukuzwa kazi akaamua kuwaua washindani wake wa ajira. Inatoka kwenye riwaya ya Mmarekani Donald Westlake ya 1997, Costa-Gavras aliwahi kuitengeneza kwa Kifaransa 2005, na Park aliihangaikia miaka mingi, kwanza akitaka kuifanya kwa Kiingereza, hela ikakataa, mwisho akairudisha nyumbani. Ukifika mwisho usizime pia. Kwenye sehemu ya skripti kuna majina manne: Park Chan-wook, Don McKellar, Jahye Lee, na Lee Kyoung-mi, yule dada wa 2005 aliyekuwa anakaa pembeni ya kamera na daftari akiandika kikombe kiko mkono gani.